Nirudishie Kosa Langu

Mtaa mzima ulimwita Msusi, hata watoto wa shule. Saluni yake ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba ya mama yake: viti viwili, kioo kilichopasuka pembeni, na kikausha nywele kilichonguruma kama mashine ya kusaga. Nyumba yenyewe ilijificha nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi, na ili kuifikia ilibidi upite kwenye kichochoro chembamba ubavuni mwa duka. Kichochoro hicho ndicho kilicholeta kesi. Mwenye duka, ambaye watu walimwita Bwana Saruji, alisema ni sehemu ya kiwanja chake na anataka kujenga ghala hapo. Mama akasema amepita hapo tangu alipoletwa bibi harusi. Wakaenda mahakamani, na mahakama ya chini ikampa ushindi Bwana Saruji. Kichochoro kikizibwa, njia itakayobaki ni ya nyuma, kuruka mfereji wa maji machafu, na magoti ya Mama hayakuweza kuruka hata kizingiti.

Aliyemtetea Mama ni mtoto wake wa pili, mdogo wake Msusi. Huyu alikuwa wakili, na nyumbani jina lake lilikuwa hilohilo, Wakili. Mama ndiye aliyemwanzishia. "Wakili wangu amepiga simu?" "Wakili wangu amekula?" Mgeni akiingia, hata kama amekuja kusuka tu, Mama alimwonyesha picha ya binti yake katika joho jeusi. Mgeni akiuliza, "Na huyu je?" Mama alimtazama Msusi kama mtu aliyeulizwa habari za kabati. "Huyu? Huyu yupo tu."

Yupo tu. Msusi ndiye aliyempikia, akamkanda magoti, akamsomea maandishi madogo kwenye chupa za dawa, kwa sababu macho ya Mama nayo yalishafifia. Akiunguza maharage siku moja, alisikia habari zake wiki nzima. Wakili alikuja Jumamosi kwa Jumamosi akiwa na mfuko wa matunda, na siku hiyo Mama alivaa hereni zake za dhahabu tangu asubuhi. Hata kesi iliposhindwa, Mama hakumlaumu. "Hakimu hakumwelewa mwanangu," alisema. "Anaongea kwa akili nyingi mno."

Wala Msusi hakuwa na wa kumlaumu, na hapo ndipo palipouma zaidi. Walisoma shule moja, wakala sahani moja, hakuna aliyenyimwa ada. Mmoja alifaulu, mwingine hakufaulu. Tena Wakili alikuwa na roho nzuri. Wateja wa saluni walimpenda kuliko walivyompenda mwenye saluni. Angekuwa na majivuno kidogo, Msusi angepata pa kushika.

Baada ya hukumu, Mama alisema apewe muda afikirie kama akate rufaa au aachane na mambo ya mahakama. Wakili akasema sawa. Kisha akasafiri kwenda kusimamia kesi nyingine mji wa mbali. Kutoka huko akapiga simu ya Mama, ambayo ilikaa kwa Msusi siku zote.

"Dada, mwambie Mama muda wa kukata rufaa unaisha Ijumaa ya wiki ijayo," alisema. "Aseme ndiyo au hapana. Akisema ndiyo, mpeleke ofisini kwangu asaini, wenzangu watamsaidia. Siwezi kufungua rufaa bila idhini yake."

"Nitamwambia," Msusi alisema.

Alikuwa akimsuka mteja, na vidole havikusimama. Alimaliza kichwa kile, akafagia nywele, akaenda jikoni. Mama alikuwa ameketi kwenye mkeka akichambua mchele kwa kuupapasa.

"Wakili wangu amesema nini? Mimi nimeshaamua. Nataka rufaa."

Msusi alifungua mdomo akiwa na nia ya kusema kweli. Yeye mwenyewe baadaye aliapa hivyo. Lakini lile neno "wangu" lilimpita kooni kama mwiba wa samaki.

"Hajasema kitu, Mama. Ana shughuli nyingi."

Basi. Uongo wa kwanza ulitoka mwepesi hivyo. Kila asubuhi Mama aliuliza, na kila asubuhi Msusi alijibu hivyohivyo, akitazama jinsi uso wa mama yake ulivyoanza kukunjamana kidogo kila jina la Wakili lilipotajwa. Uso ule ulimpa raha ambayo hakuwahi kuipata kwa jambo lolote. Wakili alipopiga tena kuuliza, Msusi akamwambia, "Mama anasema bado anafikiria. Usimsumbue, presha itapanda." Wakili akaogopa kumsumbua. Ijumaa ikafika, ikapita, na Msusi aliiona ikipita huku akipaka mteja mafuta ya nywele.

Hakutaka Mama anyang'anywe njia. Hilo hata hakulifikiria. Alitaka jambo moja dogo: Mama amtazame Wakili, japo mara moja, kama alivyozoea kumtazama yeye.

Akalipata. Wakili aliporudi safari, Mama hakuvaa hereni.

"Umenitupa," Mama alimwambia kabla hajaketi. "Nimengoja neno lako mpaka nimechoka. Jana Bwana Saruji amenicheka dirishani, anasema muda wangu umekwisha. Ni kweli?"

Wakili alisimama mlangoni na mfuko wake wa matunda. Akamtazama Mama, akamtazama dada yake. Msusi alikuwa ameshika kitana, hakukwepesha macho. Mtu hahitaji shahada kujua kilichotokea mle ndani, na Wakili alikuwa nayo. Msusi akangoja kupigiwa kelele. Alikuwa ameshajiandaa, majibu anayo kiganjani.

"Nilisahau, Mama," Wakili alisema. "Kosa ni langu. Nisamehe."

Mama akalia, Wakili akalia, na Msusi akarudi saluni miguu ikiwa mepesi. Wepesi ule haukumfikisha hata jioni. Mama alipoletewa uji alisema, "Maskini mwanangu, kazi zimemzidi. Umemwona alivyokonda?" Kesho yake alimpigia simu kumpa pole. Wiki ilipokatika, hadithi ilikuwa imeshageuka sura kabisa. Mama aliketi kwenye kiti cha saluni akiwaambia wateja:

"Mwanangu anakwenda kwa jaji kuomba tuongezewe muda. Atasimama pale aseme mbele ya watu: nimekosa mimi. Wasomi wangapi wanaweza hivyo?"

"Ni malaika yule," mteja mmoja alisema akiwa ameinamisha kichwa.

Msusi alivuta nywele hadi mteja akapiga yowe.

Usiku ule hakupata usingizi, na wala si kwa kujuta. Majuto yangekuja, lakini yalikuwa bado nyuma kwenye foleni. Kilichomkosesha usingizi ni kwamba amefanya jambo moja kubwa maishani mwake, baya lakini lake, na hata hilo mdogo wake amelichukua na limempendeza.

Asubuhi alifunga saluni, akavaa viatu vya kutokea na kwenda ofisini kwa Wakili. Ilikuwa ghorofa ya pili, juu ya duka la miwani: chumba kimoja kirefu kilichojaa mafaili hadi dirishani. Wakili alikuwa ameketi mbele ya mwenye ofisi, bibi mmoja mnene mwenye miwani iliyoning'inia kifuani. Kati yao palikuwa na karatasi za kiapo ambazo Wakili alitakiwa kuziapia mchana ule.

"Ni dhaifu," mwenye ofisi alikuwa akisema. "'Wakili alighafilika.' Jaji atatuuliza, kughafilika tangu lini kumekuwa sababu? Uzembe wa wakili haumwokoi mteja, wewe unajua. Maombi haya yataanguka kabla hatujakaa vizuri."

"Hayo ndiyo yaliyotokea," Wakili alisema.

"Sivyo yalivyotokea," Msusi alisema mlangoni.

Wote wawili wakageuka. Wakili akasimama haraka. "Dada, twende nje tuongee."

"Tutaongea hapahapa. Hilo kosa ni langu. Nirudishie."

Mwenye ofisi akavaa miwani. Msusi akaeleza yote kwa sauti ya juu mno, kama mtu anayegombania kiti kwenye foleni: simu ya kwanza, simu ya pili, maswali ya Mama ya kila asubuhi, na majibu aliyompa.

"Nilitaka kukusitiri," Wakili alisema pole pole.

"Hukunisitiri. Umejipamba. Mama anakuita shujaa, mtaa unakuita malaika. Wewe umesahau nini? Hujawahi kusahau kitu tangu darasa la kwanza!"

Mwenye ofisi hakumtazama Msusi. Alikuwa akimtazama wakili wake kijana, na uso ulikuwa umebadilika.

"Ulijua haya?"

Wakili akaanza kuzipanga upya karatasi za kiapo.

"Ulijua, na ulikuwa unakwenda kuapa uongo mchana huu? Wewe, ofisa wa mahakama? Wangekufutia leseni, mama yako angekosa muda na njia pia, na mimi ningefunga ofisi hii. Kwa ajili ya nini? Uonekane mwema?"

Wakili akakaa. Akaweka mikono chini ya meza. Msusi alikuwa ameomba kuona jambo hili miaka mingi: mdogo wake akigombezwa na mtu mwenye haki ya kugombeza. Sasa alipoliona, hakupata ladha aliyoitarajia. Aliona tu kwamba kola ya shati la Wakili imechakaa, na kwamba Mama alisema kweli, amekonda.

"Utaapa wewe," mwenye ofisi akamwambia Msusi, akichana zile karatasi. "Kila neno ulilosema hapa. Lakini mama yako ayasikie kwanza kutoka kinywani mwako. Asiyasikie mahakamani."

Msusi alimwambia Mama jioni hiyohiyo, jikoni, akiwa amesimama. Mama alisikiliza hadi mwisho. Hakupiga kelele. Aliuliza swali moja tu: "Kila asubuhi?"

"Kila asubuhi, Mama."

"Nenda kafunge dirisha la saluni yako, kuna upepo," Mama alisema, na tangu siku ile hakumsemesha. Chakula alikula, dawa alimeza, lakini nywele zake hakumruhusu aziguse. Jumamosi iliyofuata alimpa Wakili kitana amsuke yeye. Wakili hakujua kusuka hata kidogo. Alimaliza asubuhi nzima, na kichwa cha Mama kikatoka kama shamba lililolimwa na mlevi. Mama akajitazama kiooni kwa karibu, akasema, "Nimependeza."

Akaenda nacho hivyohivyo mahakamani.

Chumba cha jaji kilikuwa kidogo kuliko Msusi alivyodhani, na feni ya darini ilizunguka kwa kusitasita. Mwenye ofisi ndiye aliyesimama upande wa Mama, maana Wakili hakuweza kuwa mtetezi katika jambo linalomhusu mwenyewe. Wakili wa Bwana Saruji, kijana mrefu mwenye sauti tamu, aliomba Msusi aitwe ahojiwe juu ya kiapo chake, na jaji akakubali. Msusi akasimama kizimbani. Mbele yake, benchi la kwanza, aliona kichwa cha mama yake, mistari imepinda, msuko mmoja umeshaanza kufumuka nyuma ya sikio. Mikono ilimuwasha.

"Ulijua muda ungepita?" kijana yule aliuliza.

"Nilijua."

"Hukuwa mgonjwa. Hukusafiri. Simu ilikuwa nzima."

"Nzima kabisa."

"Basi kwa nini?"

"Wivu," Msusi alisema.

Jaji akaacha kuandika. Alikuwa mzee mkavu, mwenye mafua, na leso mkononi. "Sema vizuri, mama. Ulitaka mama yako apoteze kesi?"

"Hapana, mheshimiwa. Nilitaka mdogo wangu aonekane ameshindwa."

"Na hiyo saluni yako iko wapi?"

"Mlemle ndani, mheshimiwa. Wateja wanapita kichochoro hichohicho."

"Kwa hiyo ulikuwa unajifungia mlango mwenyewe."

"Ndiyo, mheshimiwa."

Watu wakacheka, jaji akawatazama, wakanyamaza. Kijana mwenye sauti tamu akageukia jaji. "Mheshimiwa, mteja wangu ameshinda kesi. Naye ana haki ya kulala akijua imekwisha. Wivu wa ndugu haukuanza leo wala hautaisha kesho. Tukiufanya kuwa sababu, kila aliyechelewa atakimbilia nyumbani kutafuta dada."

Chumba kizima kilicheka tena, safari hii na jaji pia, ndani ya leso. Msusi hakucheka. Alimtazama Mama aone kama amecheka. Mama alikuwa ameinamisha kichwa.

Mwenye ofisi akasimama. Hakusema mengi. Alisema mwombaji si msusi, ni mama yake. Na aulizwe huyo mama angefanya nini zaidi ya alichofanya.

Jaji alitoa uamuzi wake palepale, akisoma alichokuwa akiandika.

"Muda haukuwekwa kuwatega watu," alisema, "wala haukuwekwa ili kila apendaye auruke. Anayeuomba upya lazima aeleze kuchelewa kwake kote, tangu mwanzo hadi mwisho, bila kuacha pengo. Kama mwombaji angekuwa huyu msusi, ningemrudisha nyumbani sasa hivi, kwa sababu hakuna anayefaidi kosa la mkono wake. Kama sababu ingekuwa wakili amesahau, ningemrudisha vilevile. Lakini mwombaji ni mwanamke asiyeona vizuri, asiyetembea vizuri, aliyeuliza kila siku na kudanganywa kila siku na mtu ambaye yeyote kati yetu angemwamini. Hakulala. Alilazwa kwa uongo. Alipojua, alikuja bila kupoteza muda. Ghala bado halijajengwa, kwa hiyo mjibu maombi hajaumia. Tena nimeisoma hukumu ya chini: mahakama iliamua habari za njia bila kwenda kuiona hiyo njia. Hilo linastahili kusikilizwa. Naongeza muda. Gharama za leo za mjibu maombi zitalipwa na upande wa mwombaji." Akapenga kamasi. "Na wewe msusi, ukweli wako umemsaidia mama yako. Usidhani umekusafisha."

Nje, kwenye ngazi, watu wa mtaani waliokuja kusikiliza walimzunguka Wakili. Walimpongeza kwa uvumilivu, kwa moyo mkubwa, kwa kumsamehe dada asiyesameheka. Mmoja alimkumbatia. Msusi alisimama pembeni na mkoba wa Mama, na kile kitu cha zamani kikamchoma palepale kinapochoma siku zote. Alikuwa amesema kweli mbele ya jaji, na bado sifa zimekwenda kulekule.

Siku mbili baadaye Mama alikuja saluni mwenyewe, akishika ukuta, akaketi kwenye kiti.

"Fumua," alisema. "Kichwa kinaniwasha."

Msusi akafumua. Hawakusemezana mpaka nusu ya kichwa.

"Kwani wewe ulitaka nikusifie nini?" Mama aliuliza ghafla, kwa hasira. "Kunikanda magoti? Kunipa dawa?"

"Ndiyo, Mama."

"Mtu anasifiwa kwa hayo?"

"Mimi ningependa."

Mama akapapasa msuko ambao haukuwa umefumuliwa. "Sikujua," akasema mwishowe. Halafu, kwa sababu alikuwa yeye: "Usivute sana. Unavuta kama unang'oa magugu."

Rufaa ilisikilizwa baada ya mvua. Safari hii mahakama ilikuja mtaani, jaji mwingine na makarani wake, wakapita kichochoroni mmoja mmoja huku Bwana Saruji akiwaonyesha mipaka kwa mkono. Uamuzi haukumpa yeyote kila kitu. Njia ibaki wazi, ya mtu na mkokoteni. Sehemu inayozidi, Bwana Saruji ajenge. Akajenga kighala chembamba ambacho mifuko ya saruji iliingia kwa ubavu.

Jumamosi ya baada ya hapo dada hao wawili walikuwa wakiosha vyombo uani. Mama alikuwa sebuleni akimsimulia jirani jinsi Wakili wake alivyoishinda mahakama. Msusi alisugua sufuria kwa nguvu.

"Umesikia?" alisema. "Wewe ndiye umeshinda. Hata hukusimama mbele ya jaji."

Wakili hakutabasamu kama kawaida yake. Aliweka sahani chini.

"Watu wanasema nimekusamehe," alisema. "Sijakusamehe, Dada. Nataka ujue. Nikikumbuka ulivyoniambia nisimsumbue Mama kwa ajili ya presha yake, natamani kukupiga na hiyo sufuria."

Msusi alimgeukia. Uso wa mdogo wake ulikuwa umevimba kwa hasira, mbaya, mdomo umepinda, haufanani hata kidogo na ule wa kwenye picha. Msusi hakukumbuka kama aliwahi kuuona. Huyu hakuwa malaika wa mtu yeyote, na Msusi akaona nafuu kidogo.

"Haya," alisema, akimsogezea sufuria. "Lakini isugue kwanza, ina masizi."

Wakili akaipokea. Hakumpiga mtu nayo. Aliisugua, bado amenuna, na Msusi akaenda kuchota maji mengine.